Ruvuma Haikulala: Redio, Televisheni na Rubani wa Karne ya 25

Kila tunapozungumzia historia ya vyombo vya habari nchini, hurudiwa dai lilelile: kwamba Tanzania Bara ilikuwa usingizini mpaka mwaka 1994, ITV, DTV na CTN zilipoiamsha. Kwa watu wa Mbinga na Mbamba Bay, mkoani Ruvuma, dai hilo ni tusi maradufu. Nalipinga, nikianza na mtu aliyelala kwelikweli.

Septemba 1979, kituo cha NBC cha Marekani kilianza kuonyesha tamthilia ya Buck Rogers in the 25th Century. Gil Gerard aliigiza rubani aliyerushwa angani mwaka 1987, chombo kikapotea njia, akaganda kwa baridi na kuzinduka mwaka 2491. Miaka 504 imempita, na wenyeji wa zama hizo wanamwona mshamba. Tamthilia ilikoma Aprili 1981. Muda wote huo, ungesimama Liuli ukalitazama Ziwa Nyasa, hapakuwa na kituo cha televisheni upande huu wala ng'ambo. Malawi ilikipata chake mwaka 1999.

Je, huo ulikuwa usingizi? Zanzibar, ndani ya Jamhuri hiihii, ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, kwa hiyo hakuna anayeweza kusema hatukuijua. Serikali ya Mwalimu Nyerere iliijua na kuikataa Bara, kwa hoja kwamba ingewanufaisha wachache wa mjini na kuwaacha wanavijiji nyuma zaidi. Wapo wanaosema hoja hiyo ilificha tu woga wa watawala. Woga huenda ulikuwapo. Serikali ya chama kimoja haikupenda sauti nyingi. Lakini wasemaji hao hawagusi suala la umeme. Ruvuma iliunganishwa na gridi ya taifa mwaka 2018. Kabla ya hapo ilitegemea zaidi jenereta za dizeli. Mwaka 1979, televisheni ingemfaa nani katika milima ya Umatengo, huko Mbinga? Redio ya betri ilipanda milima hiyo.

Ushahidi unaorukwa na wengi ni kampeni ya redio ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973, iliyoshirikisha watu wapatao milioni mbili nchi nzima. Tazama ilivyoendeshwa. Kikundi cha wanakijiji kinakusanyika saa ya kipindi na kuizunguka redio. Kipindi kikiisha, kiongozi anafungua kitabu cha kampeni na kusoma kwa sauti, maana wengine hawajui kusoma: malaria, safura, kuhara, kichocho. Kisha wanaulizana: hapa kwetu ugonjwa huu unatoka wapi, nasi tutafanya nini? Hawatawanyiki kabla ya kuafikiana kazi: kufyeka vichaka, kufukia madimbwi, kuchimba vyoo. Vyoo vilivyochimbwa nchini vilihesabika kwa mamia ya maelfu. Kwa wakazi wa ufukwe wa ziwa, ambao kichocho wanakijua kwa jina na kwa maumivu, mafunzo hayo yalihusu maji wanayooga kila siku. Aliyelala hachimbi choo.

Tena, wanaoidharau redio wanasahau kwamba Buck Rogers mwenyewe alipitia humo. Philip Francis Nowlan alimbuni katika hadithi ya jaridani mwaka 1928, akaingia katika katuni za magazeti mwaka 1929, na mwaka 1932 Wamarekani wakaanza kumsikiliza redioni. Watoto wao waliiona karne ya 25 kwa masikio, miongo kadhaa kabla ya Gil Gerard. Hakuna aliyesema walikuwa gizani.

Nasi hatukungoja kioo ili tuwaze ulimwengu mwingine. Shaaban Robert aliijenga nchi ya angani katika Kusadikika, mwaka 1951. Baadaye Katama Mkangi, katika Walenisi ya mwaka 1995, alimrusha Dzombo angani katika chombo kilichokusudiwa kumuua, akafika kwenye jamii yenye haki. Nampenda Dzombo kuliko Buck: rubani wa Marekani anazinduka na kulinda mji wa siku zijazo, Dzombo anajifunza namna ya kuubadilisha mji alikotoka.

Wanachama wa vikundi vya mwaka 1973 sasa ni wazee. Halmashauri za Mbinga na Nyasa zikusanye vitabu vyao na kurekodi kumbukumbu zao mapema. Bila hizo, historia ya habari Ruvuma itaendelea kuanza na king'amuzi, na kizazi kilichojisomesha kando ya redio kitaandikwa kuwa kililala.