Gunnar Fischer, Fundi wa Nuru na Kivuli

Walio katika vikundi vya kusikiliza, karibieni redio. Mara nyingi historia hutupa habari za wafalme na majemadari. Leo tutasikia habari za fundi: Gunnar Fischer, mpiga picha za sinema wa nchi ya Uswidi.

Kwanza tuulize: mpiga picha za sinema hufanya kazi gani? Wengi hudhani kwamba husimama nyuma ya kamera na kuitazama tu. Sivyo. Yeye ndiye huamua kamera ikae wapi, na zaidi ya hayo, nuru itoke upande gani. Katika sinema isiyo na rangi fundi huyu hana nyekundu wala kijani. Ana weusi, weupe, na yaliyo katikati yake. Taa kali ikitoka upande mmoja huchonga uso na kuacha kivuli kizito. Taa iliyozibwa kwa kitambaa chepesi hulainisha uso. Kwa hiyo mtazamaji huingiwa na hofu au furaha kabla mchezaji hajatamka neno.

Fischer alizaliwa mwaka 1910 katika mji wa Ljungby. Alijifunza uchoraji, tena akatumika kama mpishi katika Jeshi la Majini. Mwaka 1935 aliingia katika kampuni ya Svensk Filmindustri kama msaidizi, akajifunza chini ya Julius Jaenzon.

Jina hilo la Jaenzon tulishike. Yeye ndiye aliyepiga picha za sinema ya Körkarlen, iliyoonyeshwa mwaka 1921. Ili kuonyesha mizimu, Jaenzon alipiga picha juu ya picha katika filamu ile ile, hata watu wakaonekana kama moshi. Aliyeiongoza sinema hiyo, na kuicheza pia, alikuwa Victor Sjöström.

Mwaka 1948 Fischer alianza kufanya kazi na mwongozaji kijana, Ingmar Bergman. Mpaka mwaka 1960 walikuwa wamefanya pamoja sinema kumi na mbili. Katika Sommaren med Monika, ya mwaka 1953, mchezaji Harriet Andersson anageuka na kuwatazama watazamaji usoni, kimya, kwa muda mrefu. Nyuma yake nuru inafifia polepole, mpaka unabaki uso peke yake. Taa zinasema yale ambayo mdomo haukusema.

Halafu ikaja Det sjunde inseglet, yaani Muhuri wa Saba. Ilipigwa mwaka 1956 kwa siku 35 tu, ikaonyeshwa mwaka 1957. Ndani yake askari farasi anacheza sataranji na Mauti, kando ya bahari. Wapo walioona kwamba vivuli vya pale vinaelekea pande mbili, kana kwamba mbinguni kuna jua mbili. Inasimuliwa kwamba Fischer alijibu hivi: mtu aliyekwisha kukubali kwamba Mauti ameketi pwani akicheza sataranji, jua mbili zinamsumbua nini?

Mwaka huo huo wa 1957 ilionyeshwa Smultronstället. Mzee mmoja anaota yuko katika barabara tupu. Saa haina mishale, na gari la maiti linakuja. Fischer aliifanya barabara hiyo iwe nyeupe ya kuumiza macho, na vivuli vyeusi kama wino. Mzee huyo alichezwa na nani? Na Victor Sjöström yule yule, sasa mwenye umri wa karibu miaka 80. Basi bwana aliyepigwa picha na mwalimu, sasa alipigwa picha na mwanafunzi wake. Ndivyo ufundi unavyorithishwa.

Lakini, wasikilizaji, njia ya fundi si tambarare. Baada ya sinema ya Djävulens öga, ya mwaka 1960, Bergman aliendelea na mpiga picha mwingine, Sven Nykvist, ambaye wazazi wake walikuwa wamisionari katika nchi ya Kongo. Nykvist alipenda nuru laini, kama ile ya dirishani, na Bergman sasa aliitaka hiyo. Baadaye Nykvist alipata tuzo ya Oscar mara mbili, na jina lake likafahamika duniani. La Fischer likabaki kwa wachache.

Je, ufundi wa Fischer ulikuwa umepungua? La. Yalibadilika mahitaji, na hilo ni jambo jingine. Fischer aliendelea na kazi. Uswidi ilikuwa imeanza matangazo ya kawaida ya televisheni mwaka 1956, na baadaye naye akaifanyia kazi televisheni hiyo. Alikuwa mmoja wa wapiga picha wa Parade, mchezo wa sarakasi wa Jacques Tati wa mwaka 1974, uliotengenezwa kwa ajili ya televisheni ya Uswidi. Wanawe wawili, Peter na Jens, nao wakawa wapiga picha. Fischer alifariki mwaka 2011, mwenye umri wa miaka 100.

Hapa pana funzo. Jengo likisifiwa, hutajwa tajiri aliyelijenga, wala si mwashi. Lakini ukuta hushuhudia mkono wa mwashi. Hata leo mtu akiitazama ile pwani ya sataranji, anatazama kazi ya Fischer, alijue jina lake au asilijue.

Sasa maswali ya kujadiliana:

1. Nuru kali na nuru laini zatofautianaje katika kuonyesha uso wa mtu?

2. Fischer alijifunza kwa nani, na jambo hilo laonekana wapi katika kazi yake?

3. Mtindo ukibadilika, fundi afanye nini? Toeni mifano ya mafundi wa kwenu.

Jioni ya leo, wekeni taa upande mmoja wa uso wa mwenzenu, kisha upande wa pili, mwone tofauti. Kwaherini mpaka somo lijalo.