Aligarh na Calicut: miji iliyowagawa wasomi

Msikiti wa Babri ulipobomolewa mjini Ayodhya, Desemba 6, 1992, ghasia za Wahindu na Waislamu zilisambaa India. Hazikufika kila mji. Waliokufa walihesabiwa sana. Ashutosh Varshney, mwanazuoni wa siasa, aliwatazama pia waliosalimika.

Akishirikiana na Steven Wilkinson, alipekua gazeti la Times of India la kuanzia 1950 hadi 1995. Vijijini, walikoishi Wahindi wengi, vifo vya ghasia havikufika asilimia 4. Miji 8 pekee ilibeba karibu nusu ya vifo vyote. Sasa hiyo chuki ya tangu jadi tunayosimuliwa, mbona inachagua mitaa?

Kitabu chake cha 2002, Ethnic Conflict and Civic Life, kinailinganisha miji jozi kwa jozi. Yenye mafunzo zaidi ni Aligarh, kaskazini, na Calicut, bandari ya Kerala aliyoifikia Vasco da Gama mwaka 1498 akitokea Malindi. Kote kuwili Waislamu ni zaidi ya theluthi moja ya wakazi. Mwaka 1990, magazeti ya Kihindi yaliyosomwa Aligarh yaliandika kwamba wagonjwa Wahindu wanauawa katika hospitali ya chuo kikuu cha Waislamu. Ulikuwa uongo, na watu wakafa kwa ajili yake. Calicut uvumi wa namna hiyo ulichunguzwa na kuzimwa mapema, kwa sababu vyama vya wafanyabiashara, vya wafanyakazi, hata vilabu vya wasomaji, vilikuwa na wanachama wa dini zote mbili. Ujirani mwema, anasema Varshney, hautoshi mjini, panahitajika vyama.

Paul Brass, mwanazuoni mwingine wa siasa, hakukubali. Yeye alikuwa akiichunguza Aligarh tangu miaka ya 1960, na mwaka 2003 aliandika kwamba ghasia hutengenezwa: wapo watu ambao kazi yao ni kugeuza ugomvi wa mtaani kuwa vita vya dini, hasa uchaguzi ukikaribia. Mwaka 2004 Wilkinson naye akaongeza kwamba serikali ya jimbo inayozitegemea kura za Waislamu huwatuma polisi kuzuia ghasia.

Wakati huo jimbo la Gujarat, magharibi mwa India, lilikuwa limekwisha kuungua. Mwaka 2002, baada ya moto wa treni mjini Godhra uliowaua mahujaji Wahindu, zaidi ya watu 1,000 waliuawa, wengi wao Waislamu. Kwangu mimi, Varshney anaeleza vizuri amani ya Calicut. Kuhusu Gujarat, Brass na Wilkinson wana hoja nzito zaidi.