Mbegu ya Kitale, Gugu la Bungoma: Historia ya Kimeng'enya Chenye Majina Mawili

Kitale haijui shida ya kayongo. Mji huo uko kwenye kimo cha mita 1,900 hivi, na udongo wa kaunti yake ya Trans Nzoia una baridi isiyolifaa gugu hilo. Lakini shika barabara ya Kiminini, pita Kamukuywa na Misikhu, ufike Webuye kisha Bungoma. Utakuwa umeteremka mita zipatazo 500, na huku chini, hasa upande wa Bumula na mpakani na Busia, hakuna mkulima wa mahindi anayehitaji kuelezwa kayongo ni nini. Tanzania wanaliita kiduha. Wanasayansi wanaliita Striga hermonthica. Kayongo ni jina walilotupa jirani zetu Waluo, na limeshika magharibi yote ya Kenya.

Mgeni huyasifia maua yake. Ni ya zambarau hafifu, mengi, yanapendeza kati ya mistari ya mahindi. Mwenye shamba akiyaona anajua msimu umekwisha kuliwa. Wiki kadhaa kabla ya kuchomoza, kayongo ilikuwa chini ya ardhi imejishika kwenye mizizi ya mahindi, ikinyonya maji na chakula. Mahindi yanadumaa, majani yanapata michirizi ya manjano, yananyauka kama ya kiangazi hata kama mvua ilinyesha jana. Kuing'oa wakati huo hakuokoi mavuno ya mwaka huo. Kunazuia tu mbegu zisimwagike, na mmea mmoja hutoa mbegu makumi ya maelfu, kila moja ndogo kama vumbi, zenye uwezo wa kukaa udongoni miaka 10 hata 20 zikingoja.

Zinangoja nini? Harufu, tuseme. Mizizi ya mahindi hutoa kemikali ziitwazo strigolaktoni, na mbegu ya kayongo haioti mpaka izihisi karibu. Ya kwanza kutambuliwa, strigoli, ilipatikana mwaka 1966 kwenye mizizi ya pamba, mmea ambao kayongo haiwezi hata kuunyonya. Ilichukua karibu miaka 40 kujua kwa nini mimea inajisaliti hivyo. Mwaka 2005 watafiti wa Japani walionyesha kwamba strigolaktoni ni mwito kwa kuvu rafiki wanaousaidia mmea kupata fosforasi. Udongo ukipungukiwa na fosforasi, mmea huita kwa nguvu zaidi, na kayongo husikia. Ndiyo maana shamba lililochoka, lililolimwa mahindi miaka yote bila mbolea, ndilo linaloumia kuliko mengine.

Silaha iliyokuja kulikabili gugu hilo haikutafutwa kwa ajili yetu. Katika miaka ya 1970, mkemia George Levitt wa kampuni ya DuPont nchini Marekani aligundua kundi la dawa za magugu liitwalo sulfonilurea. Dawa za zamani zilipimwa kwa kilo katika hekta. Hizi zilitosha kwa gramu chache. Kampuni shindani, American Cyanamid, nayo ilipata kundi lake, imidazolinoni, kupitia kazi ya mkemia Marinus Los. Humo ndimo ilimotoka dawa iitwayo imazapiri, ambayo tutarudi kwayo. Dawa zote hizo zilikuwa zinaua magugu vizuri, na kwa muda hakuna aliyejua zinauaje.

Jibu lilikuja mwaka 1984, tena kutoka pande zote mbili karibu kwa wakati mmoja. Dawa za DuPont na za American Cyanamid, ingawa kikemia hazifanani, zilikuwa zikishambulia kimeng'enya kimoja.

Vimeng'enya, au enzaimu kama wanafunzi wengi wanavyosema, ni protini zinazoharakisha kazi za kikemia ndani ya kiumbe. Karibu kila kimoja kina jina linaloishia kwa sauti ileile, na mwisho huo ulichukuliwa kutoka kwa diastesi, dutu ambayo Wafaransa Payen na Persoz waliichuja kutoka kwenye kimea cha shayiri mwaka 1833. Akina mama wanaotengeneza busaa Bungoma wanaijua kazi yake bila kuhitaji jina hilo: kimea cha wimbi kikichanganywa na unga wa mahindi uliokaangwa, wanga unageuka sukari, na sukari ndiyo inayochacha.

Kimeng'enya cha mwaka 1984 kina kazi tofauti. Mimea hujitengenezea yenyewe asidi amino tatu, yaani valini, leusini na isoleusini, na bila hizo haiwezi kujenga protini wala kukua. Hatua ya kwanza ya pamoja katika utengenezaji huo inafanywa na kimeng'enya hiki peke yake. Dawa inaingia kwenye njia ambayo malighafi hupitia na kuiziba, kama mtu aliyeketi juu ya mdomo wa kinu cha posho: mashine nzima, nafaka ipo, lakini hakuna unga utakaotoka. Mmea haufi papo hapo. Unaacha kukua, unabaki umeduwaa, kisha unakufa kwa njaa ya protini. Binadamu na mifugo hawana kimeng'enya hiki kabisa. Sisi tunazipata asidi amino hizo tatu kwenye chakula, maharage kwa mfano, na hiyo ni sababu kubwa mojawapo ya dawa hizi kuwa na sumu ndogo kwa wanyama.

Sasa kuhusu majina, kwa maana anayesoma habari hizi atakutana na mawili na kudhani ni vitu viwili. Watafiti wa DuPont walikiita asetolaktati sinthesi, kwa kifupi ALS. Wale wa American Cyanamid wakakiita asetohidroksiasidi sinthesi, kwa kifupi AHAS, na BASF ya Ujerumani, iliyoinunua biashara ya kilimo ya Cyanamid mwaka 2000, ikaendelea na jina hilo. Wote walikuwa sahihi. Kimeng'enya hiki huunganisha molekuli mbili za piruvati kupata asetolaktati, njia ya kuelekea valini na leusini. Lakini pia huunganisha piruvati na molekuli nyingine kupata zao tofauti, njia ya kuelekea isoleusini. Jina la kwanza linataja zao moja, la pili linajumlisha yote mawili. Kwa maoni yangu la pili ndilo bora, na la kwanza ndilo lililoshinda, kwa sababu ni fupi.

Neno sinthesi lenyewe lina mpaka wake. Vimeng'enya vingine vinavyounganisha vitu viliitwa sinthetesi, na kwa desturi jina hilo liliachiwa vile vinavyotumia nishati ya ATP ili kufanya kazi. Chetu hakiitumii, hivyo ni sinthesi. Na kwa kuwa majina yanapotosha, kila kimeng'enya hupewa namba na tume ya kimataifa iliyotoa orodha yake ya kwanza mwaka 1961. Chetu kilikaa miaka mingi katika kundi la nne kwa namba 4.1.3.18, hadi mwaka 2002 kilipohamishiwa kundi la pili na kuwa 2.2.1.6. Vitabu vya zamani vya maktaba bado vina namba ya kwanza.

Hatua iliyofuata ilifanyika Minnesota. Paul Anderson na wenzake katika kampuni ya Molecular Genetics, wakishirikiana na American Cyanamid, walikuza seli za mahindi kwenye vyombo vya maabara vilivyotiwa dawa za imidazolinoni. Karibu zote zilikufa. Zilizosalia zilikuwa na badiliko dogo la kiasili: asidi amino moja tu katika kimeng'enya ilikuwa imebadilika, na dawa haikuweza tena kukiziba. Kutokana na seli hizo wakaotesha mimea mizima. Mkulima wa Marekani alipozipata mbegu hizo mwanzoni mwa miaka ya 1990, alinyunyizia shamba zima dawa, magugu yakafa, mahindi yakabaki.

Kwa Bumula mpango huo ungekuwa kichekesho. Nani ana bomba, dawa na maji ya kunyunyizia nusu eka? Na hata angekuwa navyo, angeua maharage yake, kwani hapa mahindi na maharage hulimwa pamoja. Fred Kanampiu wa CIMMYT, kituo cha kimataifa cha utafiti wa mahindi na ngano, wenzake wa KARI, taasisi ya utafiti wa kilimo ya Kenya, pamoja na Jonathan Gressel wa Taasisi ya Weizmann ya Israeli, ndio walioshughulikia njia nyingine: dawa isipigwe shambani, ipakwe kwenye mbegu. Kayongo huifuata mizizi yenyewe, basi sumu iingojee hapo. Imazapiri ya gramu 30 hivi ilitosha hekta nzima. Mbegu ikiota, dawa inapanda ndani ya mche na nyingine inabaki kwenye udongo unaouzunguka. Kayongo ikijishika, asetolaktati sinthesi yake inazibwa na inakufa kabla ya kuonekana. Mahindi, yenye kimeng'enya kilichobadilika, hayana habari.

Mwaka 2005 mbegu hiyo ilizinduliwa Kisumu kwa ushirikiano wa BASF, CIMMYT, KARI na shirika la teknolojia za kilimo barani Afrika, AATF. Sokoni iliitwa Ua Kayongo.

Hapa ndipo Kitale inaporudi. Mji huo umekuwa kiwanda cha mbegu za nchi tangu zama za walowezi. Kenya Seed ilianza hapo mwaka 1956 ikiuza mbegu za majani ya malisho. Mtafiti Michael Harrison alikuwa amefika mwaka uliotangulia, na safari yake ya Amerika ya Kati na Kusini ilimletea aina ya mahindi kutoka Ecuador. Kuyachavusha kwa yale ya Kitale kulizaa H611 mwaka 1964, mahindi chotara yaliyoenea kwa wakulima wadogo upesi kuliko ilivyotarajiwa na yeyote. Western Seed, kampuni nyingine ya Kitale, ilikuwa miongoni mwa waliozalisha Ua Kayongo. Kwa hiyo mbegu ya kupambana na kayongo ilizidishwa na kufungashwa mahali ambapo kayongo haioti, kisha ikashushwa kwa lori kwenda kwa wenye shida.

Iliposhuka ilikutana na mikono ya watu. Maelekezo yalisema: baada ya kushika mbegu hizi, nawa mikono kabla hujagusa mbegu nyingine, wala usitie maharage kwenye shimo moja na mahindi, yaweke mbali kidogo. Yanasikika mepesi. Lakini fikiria mama anayepanda kabla mvua haijaisha, mtoto akimfuata nyuma, mahindi kwenye mfuko mmoja wa leso na rosekoko kwenye mwingine, mkono uleule ukienda huku na huku. Maji ya kunawa yako mtoni. Wengi huku walizoea kutia mahindi mawili na haragwe moja shimoni na kufukia kwa mguu. Haragwe halina kimeng'enya kilichobadilika. Likiguswa na imazapiri ya kutosha, halitoki, au linatoka likiwa limejikunja. Mkulima haoni kayongo iliyokufa chini ya ardhi. Anaona maharage yaliyokosa kuota.

Tena mbegu haikuwa inapatikana kila duka la pembejeo kila msimu, na iligharimu zaidi ya ile inayohifadhiwa nyumbani kwenye moshi wa jikoni. Ua Kayongo ilifanya kazi mashambani, majaribio yalionyesha hivyo, lakini haikuenea kama H611 ilivyoenea. Sidhani kosa lilikuwa la kimeng'enya.

Jambo moja lilikuwa rahisi: haikuwa mbegu ya GMO, kwa kuwa hakuna jeni lililopandikizwa. Kenya ilipopiga marufuku vyakula vya GMO mwaka 2012, marufuku iliyoondolewa mwaka 2022, mahindi haya hayakuguswa.

Hofu ya kisayansi ilikuwa kwingine. Dawa zinazokilenga kimeng'enya hiki zimekwisha kushindwa na zaidi ya aina 150 za magugu duniani, kwa badiliko dogo kama lile la Minnesota. Kayongo yenye mbegu nyingi namna hiyo ina nafasi ya kufanya vivyo hivyo. Ndiyo sababu wataalamu walishauri Ua Kayongo itumike pamoja na njia nyingine, kama ile ya ICIPE, kituo cha utafiti wa wadudu, ya kupanda mmea wa desmodiamu kati ya mistari, ambayo majaribio yake ya mwanzo mashambani, dhidi ya funza wa mabua ya mahindi, yalifanyika miaka ya 1990 hukohuko Trans Nzoia na pia Suba.

Kisha ikaja njia ambayo haina pakiti ya mbegu wala dawa ya kiwandani. David Sands wa Chuo Kikuu cha Montana State, akifanya kazi na watu wa Maseno na wa KALRO, mrithi wa KARI, alichukua kuvu wa asili aina ya Fusarium wanaoishambulia kayongo peke yake, akachagua wale wanaomwaga asidi amino kwa wingi, leusini ikiwa mojawapo. Wazo lake ni kwamba asidi amino moja ikizidi mno ndani ya mmea huvuruga utengenezaji wa nyingine. Na leusini ina hesabu yake ya zamani na asetolaktati sinthesi: ikijaa, hukipunguzia kimeng'enya kazi, kwani ndivyo mimea inavyojidhibiti isitengeneze kuliko mahitaji.

Dawa hiyo, Kichawi Kill, ilisajiliwa nchini mwaka 2021. Kuvu husafirishwa wakiwa wamekauka kwenye vijiti vya kuchokolea meno. Kijijini mzalishaji anapika wali, anaupoza, anachovya kijiti humo, anafunika na kungoja siku chache kuvu waenee, kisha wapandaji wanatia kipande kidogo cha wali kila shimo pamoja na mbegu. Haragwe haliwezi kudhurika nao. Lakini wali huo ni kitu hai, hauwezi kukaa rafuni ukingoja msimu ujao kama pakiti ya kilo mbili inavyokaa, kwa hiyo hauwezi kutengenezwa Kitale na kushushwa kwa lori. Inabidi upikwe Bumula, na mtu wa Bumula, wiki ileile ya kupanda.