Kauri za Pete

Mzigo wa kauri ukinifikia kutoka Tanga hapa Pasua, chini ya Kilimanjaro, naumwaga kwenye ungo, nakaa barazani, naanza kuchambua. Zenye pete ya rangi ya dhahabu mgongoni kulia. Za manjano zenye vinundu kushoto. Akina mama wa Kimasai wanaoshonea mikanda hawaulizi bei kabla ya kuigeuza moja chali na kuyatazama meno ya mdomoni. Marehemu bibi, mzaliwa wa Pangani, ndiye aliyenifundisha kazi hii. Yeye zote aliziita simbi.

Mwaka 1758, huko Uswidi, Carl Linnaeus alizitenga kama bibi: ya vinundu akaiita Cypraea moneta, yaani ya fedha, na ya pete akaiita Cypraea annulus. Rafinesque akaunda familia yao mwaka 1815, Cypraeidae. Kisha Mjerumani Troschel akaacha gamba, akachungulia vimeno vidogo vilivyo kwenye ulimi wa konokono mwenyewe. Ndiyo maana leo hizi mbili zimo katika jenasi Monetaria, aliyoiunda mwaka 1863. Konokono huyu akiwa hai hulifunika gamba kwa nyama yake, na ndiyo inayoling'arisha hivi.

Hata mlima wetu umo katika habari hii. Baron von der Decken, aliyepanda Kilimanjaro na Otto Kersten mwaka 1862 wakapita mita 4,000, aliuawa Bardera, kando ya mto Juba, mwaka 1865. Katika vitabu vya safari zake, kile cha 1869 kina orodha ya konokono na kombe wa Afrika Mashariki, kazi ya Eduard von Martens.

Lakini tofauti ya pete na vinundu iliwaumiza watu. Afrika Magharibi walikuwa wakinunua na kuuza kwa kauri ndogo za vinundu kutoka visiwa vya Maldivi. Miaka ya 1840 wafanyabiashara wa Hamburg, Hertz na baadaye O'Swald, wakaanza kupakia Zanzibar zile za pete, kubwa zaidi na rahisi kupatikana, wakazipeleka Afrika Magharibi meli baada ya meli. Thamani ikaporomoka. Mtu aliyejiwekea akiba ya mahari au ya uzee akabaki na vikapu vizito visivyonunua kitu, na hilo siwezi kulisoma kama hesabu tu. Waganda nao walizitumia kama fedha. Mpaka leo fedha kwao ni ensimbi.

Mara chache ungoni hujitokeza gamba jembamba, halina pete wala meno, mdomo wazi, ncha imejizungusha kama ya konokono wa shambani. Bibi alizitupa, akisema hizo si simbi. Kumbe ni mtoto wa kauri, mdomo wake haujajikunja bado. Sasa naziweka kwenye kikopo alichokuwa akitunzia sindano zake.