Gitaa la Kisa Baada ya Vita

Wapo wanaoshikilia kwamba omutibo, muziki wa gitaa wa Kakamega, ni uigaji mtupu: gitaa la Mzungu, Kiswahili cha pwani, na Mluhya mwenyewe hayumo. Dharau hiyo ni ya zamani. Wamishonari walikwisha kuwafundisha waumini kwamba ngoma za jadi ni upagani, na gitaa liliposambaa vijijini baada ya Vita Vikuu vya Pili, likaitwa kitu cha walevi. Lakini msikilize vizuri mpiga gitaa George Mukabi wa Kisa, Kakamega, aliyefariki mwaka 1963. Kidole gumba kinatembeza besi bila kupumzika, cha shahada kinachezea sauti za juu, huku chupa ya soda yenye mistari ikikwaruzwa kwa chuma pembeni. Gumba lile linaongea kama isukuti, ngoma ya Waisukha na Waidakho, jamii za Waluhya. Mluhya yumo, tena ndiye anayeshika mwendo.

Kiswahili nacho kina sababu. Askari wa Keya, yaani King's African Rifles, jeshi la kikoloni la Afrika Mashariki, waliopelekwa Burma mwaka 1944 walichanganyika Mkamba na Mluhya, Mganda na Mnyasa, na lugha ya amri ikawa pia lugha ya kupigia soga. Mpiga gitaa Fundi Konde, Mgiriama, alikuwa huko akiwaburudisha. Nyumbani, serikali ya kikoloni iliendelea kuwagawa watu kwa makabila, na Hali ya Hatari ya 1952 hadi 1960 ikazidisha kushukiana. Kuimba “Sengula Nakupenda”, wimbo wa Mukabi, kwa Kiswahili wakati huo kulikuwa kumkaribisha jirani ambaye serikali ilitaka umwogope.

Mtu atauliza: huo ni urafiki au ni biashara? Peter Colmore, mtayarishaji wa muziki Mwingereza, ndiye aliyemleta Nairobi mpiga gitaa Edouard Masengo kutoka Kongo, na nyimbo zake zikatumika kutangaza soda. Kweli, baina ya mwenye studio na mwimbaji hapakuwa na usawa. Jeshini kwenyewe Mwafrika alizuiwa kupanda hadi afisa kamili. Kwa hiyo urafiki ninautafuta kwingine, kwa wapiga gitaa wenyewe. Mtindo wa vidole viwili wa Mwenda Jean Bosco, Mkongo mwingine aliyerekodiwa na mtafiti wa muziki Hugh Tracey kule Jadotville, Kongo, mwaka 1952, ulipokewa Kenya na watu wasiojua lugha ya mama ya Bosco, kwa kusikiliza santuri na kutazamana vidole. Hakuna mkataba uliowalazimisha.

Mwaka 2014 UNESCO iliiweka isukuti katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka. Nyimbo za Mukabi zilikusanywa upya Marekani mwaka 2017. Omutibo haumo katika orodha ile, na Kakamega ndiyo yenye haki ya kwanza ya kuudai.