Subira ya Charles Laughton

Wazazi wa Charles Laughton walikuwa wenye hoteli katika mji wa Scarborough, pwani ya kaskazini-mashariki ya Uingereza, na kwa kuwa yeye, aliyezaliwa tarehe 1 Julai 1899, ndiye aliyekuwa kifungua mimba, ilichukuliwa kuwa jambo lisilo na mjadala kwamba biashara ile ingemwangukia. Alisomeshwa Stonyhurst, shule ya mapadri wa Kijesuiti, kisha akapelekwa London kujifunza kazi katika hoteli ya Claridge's, ambako matajiri na watu wa daraja waliingia na kutoka mbele ya macho yake. Na mtu akitaka kujua alikopata maarifa ya jinsi mkubwa anavyomtazama mdogo, na jinsi mdogo anavyositiri ghadhabu yake kwa tabasamu, sidhani kama itampasa kwenda mbali kuliko hoteli ile. Vita Kuu ya Kwanza ilimchukua kijana, ikamvutisha hewa ya sumu, ikamrudisha Scarborough kupokea wageni mchana na kuigiza jioni pamoja na wapenzi wa tamthilia wa mji wake. Mwaka 1925, katika umri ambao wengi wa wenziwe walikuwa wamekwisha kupata jina, ndipo alipoingia Chuo cha Kifalme cha Sanaa ya Maigizo, na mwaka uliofuata akatoka na nishani ya dhahabu.

Alikuwa mtu mnene, mwenye mashavu mazito na midomo iliyojaa, na hakuna aliyeuchukia uso ule kama yeye mwenyewe. Zama zile mchezaji mkuu aghalabu alitakiwa awe na kimo na jamali, ilhali Laughton alikuwa na macho, sauti, na subira ya ajabu ya kumchunguza mtu hata ampate. Mwaka 1933 Alexander Korda alimpa nafasi ya mfalme Henry VIII katika filamu, na mkewe, Elsa Lanchester, akacheza kama mmoja wa wake za mfalme. Kwa kazi ile Laughton alipata tuzo ya Oscar, ya kwanza kumwendea mchezaji kwa filamu iliyotengenezwa Uingereza. Mtu mwingine angalikwenda kuvuna fedha. Yeye alikwenda Old Vic, jumba la tamthilia la London lililojulikana kwa ujira wake mdogo, akacheza tamthilia za Shakespeare, na Macbeth wake hakupokewa vizuri.

Nahodha Bligh, mkuu wa meli dhalimu aliyemcheza katika filamu ya mwaka 1935, ndiye aliyeigwa kuliko wahusika wake wote, na kwa maoni yangu ndiye aliyefahamika kidogo kuliko wote, kwa maana waigaji walichukua mdomo uliobenuka na sauti ya kukaripia, wakaiacha hofu ya mtu duni aliyepewa mamlaka, ambayo ndiyo roho ya dhuluma ile.

Lakini kazi iliyomdhihirisha zaidi haikumpatia mali wala umaarufu mkubwa. Bertolt Brecht, mtunzi wa Kijerumani aliyemkimbia Hitler akafika California mwaka 1941, alikuwa na tamthilia juu ya Galileo, mtaalamu wa nyota aliyetishwa na kanisa hata akaikana elimu yake. Na tangu mwisho wa mwaka 1944 watu hawa wawili walikaa pamoja kuitia katika Kiingereza, Brecht akiwa na Kiingereza kichache na Laughton akiwa hajui Kijerumani. Brecht alikuwa akiyaigiza maneno kwa Kiingereza chake kibovu au kwa Kijerumani, naye Laughton akiyarudia kwa kuyaigiza kwa namna hii na namna ile, mpaka ishara ya mkono na mkao wa mwili vikubaliane na neno, ndipo neno likaandikwa. Walikuwa katikati ya kazi bomu la atomiki lilipoangushwa Hiroshima, Agosti 1945, na tangu siku hiyo mtaalamu anayekiuza kichwa chake kwa watawala hakuweza tena kusamehewa kwa urahisi; wakaibadili hukumu ya tamthilia, ikawa kali juu ya Galileo. Ilichezwa Los Angeles mwaka 1947 kwa muda mfupi, na Oktoba ya mwaka huo Brecht aliitwa Washington kuhojiwa na kamati ya bunge kwa tuhuma za ukomunisti, kisha akaondoka Marekani.

Filamu pekee aliyoiongoza Laughton mwenyewe, *The Night of the Hunter* ya mwaka 1955, habari ya mhubiri muuaji anayewawinda watoto wawili, ilikosa watazamaji, naye hakuongoza nyingine. Leo wajuzi huihesabu miongoni mwa filamu bora za Marekani, heshima ambayo hakuishi kuiona. Mwaka 1959, akiwa na miaka 60, alirudi Uingereza akamcheza mfalme Lear huko Stratford, baada ya kuwaza juu ya mfalme huyo kwa miaka mingi, na wahakiki wakagawanyika.

Alifariki Hollywood tarehe 15 Desemba 1962. Katika filamu yake ya mwisho, iliyotoka mwaka huo huo, alicheza kama seneta mzee wa majimbo ya kusini ya Marekani, na ili aipate lafudhi, mtoto huyu wa Scarborough alijifunza kwa kusikiliza sauti ya John Stennis, seneta wa kweli wa Mississippi.