Tarehe ya Siku Isiyo na Juma

Katika nchi ya Shire, ambayo haimo katika ramani yoyote ila zile za vitabu vya J.R.R. Tolkien, wakaa watu wafupi waitwao Wahobiti, wakulima wapenda karamu. Mtungaji wao, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, na ambaye alisomesha Oxford kwa miaka mingi, hakuridhika kuwapa lugha, nasaba na vita tu. Mwishoni mwa juzuu ya tatu ya The Lord of the Rings, iliyotoka mwaka 1955, aliwapa na kalenda kamili, na ndani ya kalenda hiyo sikukuu ambayo, kwa rai yangu, ni zao la hesabu kuliko sikukuu yoyote ya kubuniwa niliyopata kuisoma, ingawa wenyewe walioisherehekea aghalabu walihesabu mapipa ya bia kwa bidii zaidi kuliko nyota.

Tarehe yao yaanza pale ndugu wawili, Marcho na Blanco, walipotoka Bree kwa idhini ya mfalme, wakauvuka mto Brandywine pamoja na wafuasi wengi, na mwaka wa kuvuka huko ukawekwa kuwa mwaka wa 1. Miezi yao ilikuwa 12, kila mmoja siku 30, hapana mrefu wala mfupi. Na zile siku 5 zilizosalia hazikutiwa katika mwezi wowote, bali mbili ziliitwa Yule, moja ya kufunga mwaka na moja ya kuufungua, na tatu ziliitwa Lithe, katikati ya kiangazi, ambazo ya pili yake ndiyo Siku ya Kati ya Mwaka. Kila mwaka wa nne, isipokuwa ule wa kufunga karne, iliongezwa siku nyingine baada ya hiyo, nayo ni Overlithe. Mpango huu hautamshangaza mzee wa pwani aliyelelewa katika hesabu ya Nairuzi, yenye miongo 36 ya siku kumi kumi na siku 5 juu yake. Ila Nairuzi haina siku ya kuongezwa kila mwaka wa nne, na kwa hiyo husogea polepole katika misimu.

Ikabaki taabu moja. Siku 365 ukizigawa kwa 7 wapata majuma 52 na baki ya siku 1, nayo hiyo moja ndiyo mvurugaji, kwa kuwa tarehe iliyoangukia Jumatatu mwaka huu huangukia Jumanne mwaka ujao. Wahobiti waliivumilia kwa karne nyingi, hata katika zama za kiongozi wao Isengrim II, au baadaye kidogo, wakakata shauri kwamba siku iliyozidi isihesabiwe katika juma lolote. Na tangu hapo Siku ya Kati ya Mwaka, pamoja na Overlithe ilipokuwako, ikajulikana kwa jina lake tu, si Ijumaa wala si Jumamosi.

Tazama jinsi hesabu ilivyotulia. Mwaka waanza Jumamosi, siku ya pili ya Yule. Ongeza miezi 6, yaani siku 180, kisha siku ya kwanza ya Lithe, upate 182, ambazo ni majuma 26 kamili, na siku hiyo ni Ijumaa. Inayofuata haina juma. Baada yake yaja Jumamosi tena, na nusu ya pili ya mwaka yaenda kama ya kwanza mpaka Ijumaa ya mwisho. Ijumaa ndiyo iliyokuwa siku bora ya juma lao, kazi zikikoma adhuhuri na karamu zikifuata jioni. Watu waliacha kabisa kuandika jina la siku katika barua, madhali tarehe ilitosha. Aliyesumbuka ni msafiri aliyepita mbele ya Bree.

Wakati wa Lithe ndipo soko kubwa lilipofanyika katika vilima vya White Downs, na kila mwaka wa saba Meya alichaguliwa hapo, ambaye kazi yake kubwa ilikuwa kusimamia karamu. Na Overlithe ya mwaka 1420, baada ya vita na katika mwaka wa mavuno maridhawa, yasemekana ilipita furaha zote zilizokumbukwa au kuandikwa.

Kwetu duniani jambo hilo halikuwa jepesi. Bibi Elisabeth Achelis wa New York aliasisi jumuiya mwaka 1930 kudai kalenda yenye siku moja nje ya juma, na shauri likafika hata Umoja wa Mataifa. Lakini mwaka ule ule wa 1955 serikali ya Marekani ilikataa, kwa ajili ya watu wa dini waliopinga, Wayahudi na Wasabato miongoni mwao. Hoja yao siibezi: anayeamini kuwa kila siku ya saba ni ya Mola hawezi kuruka siku moja bila kuvunja mfuatano aliourithi kwa wazee wake. Wahobiti hawaonekani kitabuni na hekalu wala kuhani, na ndiyo maana mageuzi yao yalipita bila ugomvi.

Walikuwa na mzaha wao kuhusu Ijumaa ya tarehe mosi, wakimaanisha siku isiyokuja kamwe. Msomaji mwenye subira na achukue karatasi, aipange miezi yao 12 kama nilivyoeleza. Akiuona mmoja ulioanza Ijumaa, arudie hesabu yake.